Sura ya Sita: Watatu Juu ya Mnara wa Saa

Katika mji uitwao Twilight Town, ambako jua hubaki ukingoni mwa mbingu likimwaga nuru ya rangi ya chungwa juu ya mapaa, pana mnara wa saa uliosimama juu ya stesheni ya garimoshi. Na juu ya ukingo wa mnara ule, kazi za siku zikishakwisha, huketi watu watatu waliovaa majoho meusi, miguu yao ikining'inia hewani, kila mmoja ameshika lambalamba ya rangi ya samawati iliyotiwa chumvi ya bahari. Hawasemi mambo makubwa. Mmoja huuliza swali la kitoto, mwingine humjibu kwa mzaha, wa tatu hunyamaza akatazama reli zinazopotelea mbali, na lambalamba huyeyuka ikadondoka. Nimeona visa vingi vya vita, mazimwi na falme zilizoangamia katika michezo ya video, na vingi vimekwisha kunitoka akilini. Walakini mazungumzo haya ya watu wasio na la maana la kuambiana yamekaa nami miaka mingi, na kila niyakumbukapo nasikia huzuni ile ile niliyoisikia mara ya kwanza.

Mchezo wenyewe huitwa Kingdom Hearts 358/2 Days. Ulitoka Japani tarehe 30 Mei 2009, ukafika Marekani mwezi wa Septemba na Ulaya mwezi wa Oktoba mwaka uo huo, nao ulitengenezwa kwa ajili ya Nintendo DS, mashine ndogo ya kushika mkononi yenye skrini mbili zilizopangwa moja juu ya nyingine na kukunjwa kama kitabu. Ni mchezo wa jinsi ile ambayo mchezaji huivaa nafsi ya mhusika mmoja, akampigania papo kwa papo kwa vidole vyake mwenyewe bila kungoja zamu, na huku akimkuza nguvu kidogo kidogo kadiri safari inavyoendelea.

Asili ya ukoo huu wa michezo inastahili kutajwa, kwa kuwa mtu asiyeijua atadhani nazua. Kampuni ya Square ya Japani, iliyojipatia jina kwa mfululizo wa Final Fantasy, ilikuwa katika jengo moja na ofisi za Disney, na husimuliwa kwamba mtayarishaji Shinji Hashimoto alikutana na mkuu mmoja wa Disney ndani ya lifti, na katika mwendo ule mfupi wa kupanda na kushuka yakaanza maongezi ambayo matunda yake yalionekana tarehe 28 Machi 2002, mchezo wa kwanza ulipotoka kwa ajili ya PlayStation 2. Tetsuya Nomura, ambaye mpaka wakati huo alijulikana zaidi kwa kuchora wahusika, wale wa Final Fantasy VII wakiwa miongoni mwao, ndiye aliyekabidhiwa uongozi. Akamtunga kijana aitwaye Sora, akampa upanga wenye umbo la ufunguo, akamfungamanisha na Donald Duck na Goofy, kisha akawatuma watatu hao kupita katika malimwengu ya hadithi za Disney wakipambana na viumbe vya giza viporavyo mioyo ya watu. Vitu hivi kwa akili ya kawaida havipikiki chungu kimoja. Lakini vilipikwa, vikaiva, na waliovionja wakataka zaidi.

Mfululizo ulipokua, mengi ya mambo yake yaliyo mazito yaliwekwa katika mashine ndogo za mkononi. Mwaka 2004 ulitoka mchezo wa Game Boy Advance ambao mapigano yake yalikuwa ya karata. Mwaka 2009 ukaja huu ninaousimulia. Mwaka 2010 ukafuata wa PlayStation Portable, na mwaka 2012 wa Nintendo 3DS. Wengi waliokuwa na mashine kubwa za sebuleni waliidhani michezo hiyo kuwa makombo ya karamu, wakaipita. Na walipokuja kuketi mbele ya Kingdom Hearts III mwaka 2019 wakajikuta hawawajui nusu ya watu waliokuwa wakilia mbele yao. Sisemi haya kuwasuta. Nasema kwa sababu naamini kwamba udogo wa mashine, ambao wengi waliuhesabu kuwa upungufu, ndio uliouwezesha mchezo huu kusema jambo ambalo ndugu zake wakubwa hawakuweza kulisema vizuri kama ulivyolisema wenyewe.

Anayeshikwa mkononi safari hii si Sora bali Roxas. Katika mchezo wa kwanza Sora aliutoa moyo wake kwa muda mfupi ili kumwokoa Kairi, rafiki yake, na katika muda ule, kwa mujibu wa kanuni za ulimwengu huu wa kubuni, mwili na roho vilivyoachwa na moyo vilizaa nafsi nyingine: kiumbe chenye sura, sauti na akili, lakini kisicho na moyo, na kwa hiyo, kama wanavyodai wakubwa wake, kisicho na haki ya kusema kuwa kinapenda au kinahuzunika. Jina lake ni herufi za jina la Sora zilizopanguliwa na kupangwa upya pamoja na herufi X. Anachukuliwa na Jumuiya ya watu kumi na watatu wa jinsi yake, wakaao katika ngome nyeupe chini ya mwezi wenye umbo la moyo, na kazi yake, kwa kuwa yeye ndiye mwenye upanga wa ufunguo, ni kwenda kila siku kuwaua viumbe vya giza ili mioyo iliyonaswa ndani yao ifunguliwe na kuujaza mwezi ule. Ameahidiwa kuwa mwezi ukijaa, naye atapata moyo. Hana kumbukumbu ya jambo lolote lililotangulia, na katika siku zake za mwanzo hata kusema ni kwa nadra.

Basi maisha ya Roxas ni maisha ya kibarua. Anaamka katika chumba cheupe, anatoka kwenda ukumbini ambako wenziwe wamekaa, anamwendea Saïx, mtu mwenye kovu lenye umbo la X usoni na moyo wa jiwe, na huyo humtajia kazi ya leo: kaue idadi fulani ya viumbe katika Agrabah, mji wa Aladdin ambao msomaji aliyekulia na visa vya Alfu Lela Ulela ataona kama ameshapita katika vichochoro vyake, au kapeleleze katika nchi ya Alice, au kamtazame kwa mbali yule mnyama aliyekuwa mwana wa mfalme. Pembeni mwa skrini upo mstari unaojaa kazi inavyotendeka, na juu yake imewekwa alama: ukiifikia, umetimiza wajibu na unaweza kurudi, ukitaka kuendelea mpaka ujae kabisa, utaongezewa ujira. Kisha hurudi ngomeni, hulala, na kesho ni yale yale.

Walikuwapo wengi waliolalamika kwamba kazi hizi zinachosha kwa kujirudia, na sikatai kwamba zinajirudia. Kuna siku nilizitenda nikiwa nimechoka, nikajikuta nimeridhika kuifikia alama tu na kurudi, bila hamu ya ujira wa ziada. Lakini nikatambua kwamba katika hali ile nilikuwa nimekuwa Roxas kwelikweli, maana naye anachoka, naye haoni maana, naye hutenda kwa sababu ameambiwa. Na kama mchezo ungenifurahisha bila kukoma, mnara wa saa usingekuwa na thamani yoyote kwangu. Mtu aliyeshinda kutwa bandarini akipakua magunia huijua ladha ya maji kuliko aliyeshinda kivulini. Aliyemzoeza Roxas mnara ule ni Axel, mtu mrefu mwenye nywele nyekundu zilizosimama kama miali ya moto, naye humwambia tangu mwanzo kwamba lambalamba hii ni malipo ya kazi iliyokwisha. Roxas anaionja, anastaajabu kuwa ina chumvi, kisha anasema kuwa tamu pia. Kwetu watu wa pwani, tuliokula embe bichi kwa chumvi na pilipili tangu utotoni, hapana jambo la kushangaza katika ladha hiyo. Ila kijana huyu hajapata kuonja kitu chochote maishani mwake, na mbele ya macho yetu anajifunza kuwa vitu viwili vinavyopingana vyaweza kukaa pamoja mdomoni.

Na hapa ndipo mashine ya mkononi inapofanya ilicholetewa. Mchezo wa sebuleni humtaka mtu akae jioni nzima. Huu umekatwakatwa katika siku, na siku moja ya Roxas humalizika katika muda wa kungojea basi au kungojea wali uive. Mchezaji huufungua, huenda kazini, hupanda mnarani, huukunja na kuutia mfukoni. Kwa hiyo siku za Roxas zikaambatana na siku za mchezaji mwenyewe, zikawa kawaida kama chai ya alasiri, na urafiki ule ukajengeka kama urafiki wa dhati unavyojengeka: si kwa viapo, bali kwa kukutana mahali pamoja saa ile ile mara nyingi mno.

Kiwanda kilichoshirikiana na Square Enix, ile Square ya zamani, kuutengeneza mchezo huu, kampuni iitwayo h.a.n.d. ya mji wa Sapporo kaskazini mwa Japani, kilibuni pia namna ya kumkuza mhusika ambayo sijaiona mfano wake kwingine. Upo ubao uliogawanyika katika vyumba vidogo vya mraba, na kila kitu alichonacho Roxas ni kigae cha kupangwa ndani ya ubao huo. Uchawi wa moto ni kigae. Ukitaka kuutumia mara tatu, uweke vigae vitatu. Dawa ya jeraha ni kigae. Uwezo wa kukwepa ni kigae. Silaha ni kigae. Na ajabu zaidi, hata cheo cha nguvu, ambacho katika michezo mingine ya jinsi hii mtu akishakipata kimekuwa sehemu ya mwili wake na hanyang'anywi, hapa nacho ni kigae kinachotaka nafasi, na kikiondolewa ubaoni, nguvu huondoka nacho. Vyumba huongezwa kidogo kidogo kila kazi zinapotimizwa. Usiku, kabla ya kulala kwa Roxas, nilikuwa nikikaa na ubao ule kama mtu apangaye sanduku la safari, nikigeuza vigae vyenye pembe ili viingiane, nikitoa dawa moja ili kipatikane chumba cha cheo, nikirudisha dawa na kutoa uchawi. Ni shughuli tulivu na ya kupendeza. Lakini baadaye, kisa kilipofunuka, ilinijia kuwa ubao huo ulikuwa ukinionesha tangu mwanzo jinsi Jumuiya inavyomtazama Roxas. Kwao yeye ni chombo chenye vyumba. Kinachotiwa humo chaweza kutolewa, na kinachotolewa chaweza kutiwa katika chombo kingine.

Chombo hicho kingine ni Xion, wa tatu wa wale wa mnarani. Anaingia katika Jumuiya siku chache baada ya Roxas, akiwa wa kumi na nne katika kundi ambalo jina lake lenyewe linahesabu kumi na watatu, amejifunika kofia ya joho hata uso wake hauonekani, wala hasemi. Anaposhusha kofia, Roxas anaona msichana mwenye nywele fupi nyeusi; lakini wapo katika Jumuiya wasiouona uso huo. Kila amtazamaye humwona kwa kadiri ya fungamano lililopo baina yake na kumbukumbu za Sora: Saïx haoni ila mwanasesere, na mmoja mwingine anaona sura ya kijana ambaye habari zake zilikuja kuelezwa katika mchezo wa mwaka uliofuata. Xion ana upanga wa ufunguo kama Roxas, kwa sababu ameundwa ili aunakili uwezo wake. Na kwa njia ya Roxas anazifyonza, pasipo kujua, kumbukumbu za Sora, hasa zile zinazomhusu Kairi. Katika toleo la Kijapani msanii Risa Uchida ndiye anayetoa sauti ya Kairi na ndiye anayetoa sauti ya Xion, hata mtu mwenye sikio makini aliujua ukweli kabla macho yake hayajaujua.

Mambo mawili madogo yapita yote kwangu katika habari za Xion. La kwanza ni makombe ya pwani. Roxas anapopatwa na usingizi mzito usioamshika kwa siku nyingi, Xion kila atokapo kazini humletea kombe moja akaliweka karibu na kichwa chake; na Roxas anapoamka anayakuta yamepangwa pale, idadi yake ikiwa ndiyo hesabu ya siku alizokuwa ghaibu. Mtu anayedaiwa kuwa hana moyo ameona vema kuokota kombe ufukweni na kulibeba mpaka kitandani mwa mwenziwe. Hapana mtu katika ngome ile aliyemwagiza.

La pili ni kijiti. Xion anafika wakati akashindwa kuuita upanga wake, na Jumuiya haina haja ya mtu asiyefaa kazi. Roxas anamwazima upanga wake mwenyewe, naye huingia vitani ameshika kijiti cha mti. Na haya hatusimuliwi tu: mchezaji mwenyewe anakabidhiwa kijiti kile. Ukibonya kitufe ulichokizoea kwa majuma mengi, pigo lililokuwa likiangusha adui mara moja sasa linamgusa tu, na lazima upige, ukwepe, upige tena, huku ukimwona rafiki yako pembeni akiwa na silaha uliyomwachia. Kitabu kingeniambia kuwa Roxas alijinyima kwa ajili ya sahibu yake, nami ningesadiki. Ila hapa kunyimwa kule nilikuona vidoleni.

Siwezi kulirefusha la mwisho, ingawa ndilo kubwa. Sora amelala mahali fulani akingoja kumbukumbu zake zirudishwe, na hataamka madamu sehemu yake imo ndani ya Xion. Wote wawili hawawezi kuwa wazima. Axel anaujua ukweli mapema akauficha, akitumaini kwamba siku moja zaidi mnarani itapatikana, na siku moja zaidi, mpaka kuficha kwenyewe kukauvunja utatu wao. Xion anaambiwa kwamba akirudi alikotoka hatakufa tu, bali hatakumbukwa na yeyote, kwa kuwa yeye mwenyewe ni kumbukumbu za mtu mwingine; naye baada ya kukimbia na kurudi, kukana na kukubali, anachagua. Pambano la mwisho kati yake na Roxas hufanyika Twilight Town, naye hugeuka umbo baada ya umbo, akitumia nguvu ambazo wewe mwenyewe ulizikusanya kwa kazi zako za kila siku. Linapokwisha, Roxas amempakata asimjue ni nani. Kisha anamjua, kwa muda tu. Anamwuliza sasa atakula lambalamba na nani. Na mikononi mwake hapabaki kitu. Muziki wa Yoko Shimomura katika saa hiyo, ambao umepewa jina la Kifaransa lenye maana ya muziki wa huzuni ya Xion, hauna ngoma wala tarumbeta.

Kila aliyecheza mchezo wa sebuleni wa mfululizo huu uliotoka mwaka 2005 aliujua mwisho wa Roxas kabla ya kuanza, maana kule alikwisha kumkuta akiishi siku chache katika Twilight Town ya bandia, bila kumbukumbu, akila lambalamba na marafiki wengine. Xion hakutajwa popote. Watengenezaji walimtunga baadaye, na badala ya kuona aibu ya pengo hilo, wakalifanya pengo kuwa ndiyo habari yenyewe: hakutajwa kwa sababu alisahauliwa. Nimesoma na kusikiliza masimulizi mengi, lakini mengine hayajapata kuniweka katika hali hii, kwamba watu wote wa hadithi wamemsahau mmoja wao, na shahidi pekee aliyebaki duniani kwamba aliwahi kuishi, akaokota makombe na kucheka juu ya mnara, ni mimi niliyekaa na kidude cha plastiki kiganjani.

Mwaka 2013 Square Enix waliitoa upya hadithi hii ndani ya mkusanyiko wa PlayStation 3, picha zikiwa zimesafishwa na kupambwa. Lakini mchezo wenyewe waliuacha. Wakazichukua sehemu za mazungumzo tu, wakaziunganisha kuwa filamu ya karibu saa 3. Niliitazama kwa hamu, kwa kuwa nyuso zilikuwa safi kuliko zilivyopata kuwa katika skrini zile ndogo, na sauti zilisikika vizuri zaidi. Hata hivyo nilipoona Roxas amepanda mnarani, sikusikia njaa ya lambalamba ile. Hatukuwa tumetoka kazini. Vigae havikuwapo, mstari wa kujaza haukuwapo, Saïx hakunipa amri hata moja, na pambano la kijiti lilinipita kama habari ya jirani. Maneno yote yalikuwapo, machozi yalikuwapo, lakini yale yaliyolalamikiwa kuwa ni kuchosha na kurudiarudia yalipoondolewa, yaliondoka na uzito wa yote yaliyobaki. Ningetoa ushauri kwa anayeweza kuipata kadi ya zamani pamoja na mashine yake kwamba asiridhike na filamu.

Mwaka 2019 Xion alirudishwa katika Kingdom Hearts III, akakumbukwa, akaketi tena mnarani na wenziwe wawili. Nilifurahi, na sitamlaumu aliyelia kwa furaha, kwa kuwa nami yalinilengalenga. Lakini nafikiri mchezo wa 2009 haukuhitaji kufidiwa.

Kuna jambo moja ambalo sikulitaja mahali pake. Japani zipo lambalamba ambazo kijiti chake, ukimaliza kula, huenda ukakikuta kimeandikwa neno la bahati, nawe ukikirudisha dukani hupewa nyingine bila kulipa. Siku moja Roxas anamaliza yake akakuta kijiti cha namna hiyo. Hajui maana yake, naye hakitumii. Anakihifadhi, akikusudia kumpa Axel. Siku zinapita, mambo yanaharibika, watatu hawakutani tena mnarani, na kijiti kipo bado. Siku anapoikimbia ngome, Roxas anakiacha chumbani mwa Axel, kisha anavuta kofia ya joho lake na kutoka nje.